Muindi Mbingu: Shujaa wa Ukambani aliyebakiwa na jina, kisa chake kikasahauliwa

JINA la Muindi Mbingu hutajwa kila siku jijini Nairobi. Wenye maduka huliandika katika anwani zao, wageni huelekezwa kwalo, na wanaokwenda kununua nyama katika Soko la Jiji hupita kwenye barabara iliyopewa jina hilo baada ya uhuru. Hata hivyo, ni wachache miongoni mwao wanaoweza kueleza mtu huyo alikuwa nani na kwa nini serikali ya mkoloni ilimwogopa.

Hali ni hiyo hiyo Syokimau, mji unaokua kwa kasi katika Kaunti ya Machakos, mpakani mwa Nairobi. Wengi wa wakazi wake ni watu waliohamia huko kutoka pembe mbalimbali za nchi, wakanunua vipande vya ardhi na kujenga. Kilomita chache kutoka milangoni mwao, huko Athi River, kipo kiwanda cha nyama ambacho njaa yake ya ng'ombe ilichangia kuwasha moto wa mwaka 1938.

Moto huo ndio uliomtoa Mbingu kijijini na kumfanya kiongozi. Ndio pia uliompeleka uhamishoni Lamu.

Kisa chake kwa juu ni kisa cha ng'ombe. Kwa undani ni kisa cha ardhi, cha dhuluma iliyovikwa joho la sheria, na cha taifa lililopata uhuru likachagua kuwaenzi mashujaa wake kwa majina bila kulipa yale waliyoyadai.

Utabiri wa Syokimau

Haiwezekani kumweleza Mbingu bila kuanza na mwanamke ambaye mji wa Syokimau umebeba jina lake. Syokimau alikuwa mtabiri wa Kikamba aliyeishi kabla ya ujio wa wakoloni. Simulizi za wazee husema kwamba aliwaonya watu wake juu ya wageni weupe watakaokuja wakiwa wamebeba moto mifukoni, na juu ya nyoka mrefu atakayetambaa kutoka baharini hadi kwenye maji mengine makubwa ya bara.

Moto wa mfukoni ukaja kufasiriwa kuwa ni kiberiti, na nyoka ni reli. Reli hiyo ilianza kujengwa Mombasa mwaka 1896, ikakatiza nchi ya Wakamba, ikavuka tambarare za Athi na kufika Nairobi mwaka 1899.

Kabla ya hapo, Machakos ndiyo iliyokuwa makao ya watawala wa Kiingereza katika eneo hilo la bara. Reli ilipofika Nairobi, makao hayo yalihamishwa, lakini mkono wa serikali haukuondoka Ukambani. Ulizidi kuwa mzito.

Nyuma ya reli walikuja walowezi. Vilima vya Mua, vyenye baridi na udongo mzuri, vilitwaliwa na kugeuzwa mashamba ya Wazungu. Katika tambarare za Athi, ambako wafugaji wa Kimaasai na wa Kikamba walikuwa wakilisha mifugo yao kwa misimu, yalianzishwa maranchi. Uwanda wa Yatta, uliokuwa malisho ya akiba wakati wa ukame, ulitangazwa kuwa ardhi ya Serikali ya Kifalme, na mwenyeji akahitaji ruhusa ili kupeleka ng'ombe wake huko.

Wakamba walibaki ndani ya mipaka ya rizavu. Waliongezeka wao na mifugo yao, lakini mipaka haikuongezeka. Zaidi ya hayo walitakiwa kulipa kodi ya nyumba, na wanaume wakalazimishwa kubeba kipande kama hati ya kuwafuatilia popote walipokwenda kutafuta kazi.

Udongo uliomomonyoka

Kufikia miaka ya 1930, vilima vya Machakos vilikuwa vimeharibika vibaya. Ukame ulifuatana na nzige, makorongo yakafunguka mashambani, na mvua iliponyesha udongo ulisombwa na mito. Hilo lilikuwa kweli, wala hakuna aliyelikana.

Ubishi ulikuwa juu ya chanzo chake. Mwaka 1937 Colin Maher, mtaalamu wa udongo wa serikali, aliandika ripoti kuhusu mmomonyoko katika rizavu ya Ukamba. Maafisa wa serikali waliamini kwamba Wakamba walikuwa na ng'ombe wengi kupita kiasi na hawakujua kuitunza ardhi. Dawa, kwa maoni yao, ilikuwa kuwapunguza ng'ombe hao kwa lazima.

Wakamba waliiona hesabu hiyo kwa namna nyingine. Kwao, ng'ombe hawakuwa wengi. Malisho ndiyo yaliyokuwa machache, na yalikuwa machache kwa sababu yalikuwa yametwaliwa. Kumnyang'anya mtu malisho yake kisha kumlaumu kwa kujaza ng'ombe katika kipande alichoachiwa kulionekana kuwa dhuluma juu ya dhuluma.

Palikuwa na jambo lingine. Kampuni ya Kiingereza ya Liebig, iliyokuwa maarufu duniani kwa nyama ya makopo na mchuzi wa nyama, ilikuwa imejenga kiwanda Athi River. Kiwanda hicho kilihitaji ng'ombe wengi kwa bei ya chini. Amri ya kupunguza mifugo ilipotolewa wakati ule ule, Wakamba waliona kwamba udongo ulikuwa kisingizio na kiwanda ndiyo sababu. Ukweli ni kwamba mambo hayo mawili yalikuwa yamefungamana.

Inafaa kufahamu uzito wa pigo hilo. Kwa Mkamba wa wakati huo, ng'ombe alikuwa benki, mahari, chakula cha wakati wa njaa na dhamana ya urafiki kati ya ukoo na ukoo. Familia iliyopoteza ng'ombe wake ilipoteza uwezo wa kuoza na kuoa, na uwezo wa kustahimili ukame uliofuata.

Mbingu ajitokeza

Samuel Muindi Mbingu alikuwa mtu wa Ngelani, eneo lililo karibu na vilima vya Mua. Watu wa Ngelani walikuwa na sababu ya kulielewa jambo hilo upesi kuliko wengine, kwani kila asubuhi waliyatazama kwa macho yao mashamba ya walowezi yaliyokuwa zamani malisho ya baba zao.

Mwaka 1938 machifu na askari kanga walipoanza kutekeleza amri, ng'ombe walihesabiwa, wakatengwa na kuswagwa hadi mnadani. Ngelani iligoma. Wenyeji walikataa kuwatoa ng'ombe wao, na walipochukuliwa kwa nguvu, walikataa kupokea pesa za mauzo.

Katika mgogoro huo kiliundwa Chama cha Wanachama wa Ukamba, kilichojulikana kwa kifupi kama UMA. Mbingu alikuwa msemaji wake mkuu, akisaidiana na viongozi kama Elijah Kavulu, Isaac Mwalonzi na Simeon Kioko. Wengi wao walikuwa watu waliosoma kidogo, walioweza kuandika barua za malalamiko na kuzituma Nairobi na London.

Lakini chama hicho hakikutegemea kalamu peke yake. Watu waliunganishwa kwa viapo vya jadi. Katika mila ya Wakamba, kiapo cha kithitu huogopwa sana, kwani huaminika kumwandama anayekivunja yeye na jamaa zake. Kwa hiyo waliokula kiapo hawakuweza kusaliti wenzao kwa wepesi, hata pale machifu walipowatisha.

UMA pia kilitafuta marafiki nje ya Ukambani. Kilishirikiana na chama cha Wakikuyu, KCA. Kilisaidiwa na Isher Dass, mwanasiasa wa asili ya Kihindi aliyekuwa mjumbe wa Baraza la Kutunga Sheria. Huko Uingereza, Jomo Kenyatta, aliyekuwa bado mwanafunzi na mwanaharakati, aliwaandikia wahariri wa magazeti kuhusu mateso ya Wakamba.

Safari ya Nairobi

Barua zilipokosa majibu ya kuridhisha, Mbingu na wenzake waliamua kumfuata gavana mwenyewe. Mwishoni mwa Julai 1938, zaidi ya watu 1,500, wanaume kwa wanawake na watoto, walitoka Machakos wakaelekea Nairobi, mwendo wa zaidi ya kilomita 60.

Walipiga kambi Kariokor. Mahali hapo palikuwa na historia yake chungu. Jina Kariokor limetokana na kikosi cha wapagazi wa Vita Vikuu vya Kwanza vya Dunia, ambamo maelfu ya Waafrika, Wakamba wakiwa miongoni mwao, walibebeshwa mizigo ya jeshi la Uingereza na kufa kwa maradhi na uchovu. Sasa watoto wa wapagazi walikuwa wamerudi hapo kudai ng'ombe wao.

Waandamanaji hawakubeba silaha wala hawakuvunja duka lolote. Walikaa kwa utulivu, wakapika, wakalala, wakangoja. Walitaka jambo moja: Gavana Robert Brooke-Popham awasikilize ana kwa ana.

Gavana alikataa kukutana nao Nairobi. Majuma yalipita na watu hawakuondoka. Mwishowe, mwezi Agosti, gavana alikwenda Machakos kufanya baraza, lakini alikwenda kuitetea amri, wala si kuiondoa.

Serikali ilikuwa na hofu nyingine ambayo haikuitangaza. Wakamba walikuwa sehemu kubwa ya askari wa jeshi la KAR na wa polisi. Vita vilikuwa vinanukia Ulaya, na Waitalia walikuwa tayari wamekalia Ethiopia, upande wa pili wa mpaka wa kaskazini. Kumuudhi mzazi wa askari wakati kama huo kulikuwa ni kucheza na moto.

Kabla ya mwaka kwisha, serikali ilichukua hatua mbili zilizokinzana. Ilimkamata Mbingu na kumpeleka uhamishoni Lamu. Kisha ikalegeza kamba: upunguzaji wa mifugo kwa lazima ukasitishwa, na ng'ombe waliokuwa hawajauzwa wakarudishwa kwa wenyewe.

Kwa maneno mengine, madai yalikubaliwa na aliyeyatoa akaadhibiwa. Huo ulikuwa ushindi wa nadra kwa Waafrika katika Kenya ya wakati ule, nao ulipatikana bila kumwaga damu. Lakini ardhi ya Mua haikurudi.

Uhamisho na kifo

Lamu ilikuwa mbali na Ngelani kwa kila hali. Mtu wa vilima aliwekwa kisiwani, kati ya watu wa lugha na desturi nyingine, asiweze kusikia habari za nyumbani ila kwa kuchelewa. Wakati huo huo Vita Vikuu vya Pili vilizuka, na mwaka 1940 serikali ikatumia mamlaka ya vita kukipiga marufuku UMA, pamoja na KCA na chama cha Wataita. Kavulu, Mwalonzi na Kioko nao wakatiwa kizuizini.

Mbingu alirudi Ukambani baada ya vita kumalizika. Aliikuta nchi nyingine. Vijana waliorejea kutoka Burma hawakuwa na subira ya wazee wa 1938, na sauti mpya, akiwamo Paul Ngei wa Machakos, zilikuwa zinapanda.

Oktoba 1952 serikali ilitangaza Hali ya Hatari. Mwaka uliofuata, 1953, Muindi Mbingu aliuawa. Tangu wakati huo mauaji yake yamekuwa yakihusishwa na Mau Mau.

Hapa ndipo kisa chake kinapokuwa kigumu kusimuliwa katika sherehe za kitaifa. Kama angeuawa na askari wa mkoloni, pengine kila mtoto wa shule angelijua jina lake. Lakini kifo kinachohusishwa na mikono ya wapigania uhuru wenzake hakikai vizuri katika hotuba. Ni rahisi zaidi kuandika jina kwenye kibao cha barabara na kuyaacha mengine kimya.

Kusamehe na kusahau

Kimya hicho hakikuwa cha Mbingu peke yake. Kenya ilipopata uhuru mwaka 1963, serikali ya Mzee Kenyatta ilihimiza wananchi kusamehe na kusahau yaliyopita. Mwito huo ulilenga kuwatuliza walowezi na pia kuwapatanisha waliokuwa msituni na waliokuwa upande wa serikali. Ulizuia visasi, na hilo si jambo dogo.

Lakini kusamehe na kusahau ni mambo mawili. Asamehaye hujua anachokisamehe. Asahauye huliacha deni likue gizani. Mashamba mengi ya walowezi hayakurudishwa kwa waliofukuzwa humo bali yaliuzwa, na mwenye pesa ndiye aliyenunua. Mau Mau nayo iliendelea kuwa chama haramu kisheria hadi mwaka 2003.

Baada ya ghasia za uchaguzi wa 2007, Kenya iliunda Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano kwa sheria ya mwaka 2008, ikiifuata kwa kiasi fulani njia ya Afrika Kusini. Tume hiyo ilitakiwa kuchunguza dhuluma zilizotendeka kuanzia Desemba 12, 1963 hadi Februari 28, 2008, ingawa iliruhusiwa kutazama mizizi ya nyuma. Maelfu ya Wakenya waliandikisha ushahidi.

Ripoti yake ilikabidhiwa Rais Uhuru Kenyatta Mei 2013. Makamishna watatu wa kigeni walikataa kuiunga mkono sura ya ardhi, wakilalamika kwamba ilibadilishwa baada ya shinikizo kutoka juu. Mwezi Machi 2015 Rais aliomba radhi bungeni kwa dhuluma za zamani na kutangaza hazina ya Sh10 bilioni ya kuwafidia waathiriwa. Hata hivyo, ripoti hiyo haijatekelezwa kikamilifu.

Nje ya nchi, Juni 2013 serikali ya Uingereza ilikubali kuwalipa fidia wazee zaidi ya 5,000 walioteswa wakati wa Hali ya Hatari. Miongoni mwa walalamishi wa kwanza walikuwamo watu kutoka Ukambani, jambo lililowashangaza waliodhani kwamba mateso hayo yaliwapata Wakikuyu pekee. Ziara ya Mfalme Charles nchini mwaka 2023 nayo ilileta maneno ya majuto, bila kuomba radhi rasmi.

Kati ya hatua zote hizo, iliyomkaribia Mbingu zaidi ni ya kisheria. Marekebisho ya sheria za ardhi ya mwaka 2016 yaliipa Tume ya Kitaifa ya Ardhi mamlaka ya kuchunguza dhuluma za ardhi za kihistoria kuanzia Juni 15, 1895. Kwa mara ya kwanza, kutwaliwa kwa malisho kama yale ya Ukambani kulitambuliwa katika sheria kuwa ni kosa linaloweza kuchunguzwa, hata kama waliotendewa wamekwisha kufa.

Funzo kwa Syokimau ya leo

Tambarare za Athi hazijapumzika. Novemba 2011 nyumba nyingi zilibomolewa Syokimau, serikali ikisema zilijengwa katika ardhi ya uwanja wa ndege, huku wenye nyumba wakionyesha hati walizoamini kuwa halali. Oktoba 2023 matingatinga yalirudi katika eneo hilo hilo la Mavoko, safari hii katika ardhi ya kampuni ya saruji ya Portland, baada ya uamuzi wa mahakama.

Waliopoteza nyumba hawakuwa wafugaji wa 1938, wala sheria zilizotumika si zile za mkoloni. Lakini ardhi ambayo historia yake haikuwekwa wazi huwa rahisi kuuzwa mara mbili, na mnunuzi wa mwisho ndiye hulipa gharama ya uongo wa kwanza. Mficha maradhi, walisema wahenga, kifo humuumbua.

Vilima vya Machakos vyenyewe vimetoa ushahidi wao. Wachunguzi waliofuatilia wilaya hiyo kuanzia 1930 hadi 1990 waligundua kwamba idadi ya watu iliongezeka mara kadhaa, lakini mmomonyoko ukapungua. Wakulima walichimba matuta, wakapanda miti, wakaitunza ardhi walipokuwa na uhakika kwamba ni yao. Nadharia kwamba Mkamba hakujua kuutunza udongo wake ilianguka.

Mbingu hakuishi kuliona hilo. Kiwanda cha Liebig kiligeuka kuwa cha Tume ya Nyama nchini, nyoka wa Syokimau akapata mwenzake mwaka 2017 reli mpya ilipofika, na watoto wa wachungaji wakawa wenye nyumba za kupangisha.

Taifa linalotaka maridhiano ya kweli halina budi kukisimulia kisa chake chote: malisho yaliyotwaliwa, machifu walioswaga ng'ombe wa jirani zao, umma ulioshinda kwa kukaa chini Kariokor, na damu iliyomwagika mwaka 1953 baina ya ndugu. Sehemu mojawapo ikiachwa, kinachobaki ni kibao cha barabara tu, na kibao hakimrudishii mtu malisho yake.